Miezi 19 kwenye daftari la mama yao

Karani aliita namba ya shauri letu mara mbili. Mara ya kwanza sikuisikia, kwa kuwa macho yangu yalikuwa kwa mama watoto wangu, aliyekaa mwisho wa benchi lilelile. Alikuwa amefungua mkoba na kutoa daftari la shule, jalada limechakaa na pembe zimejikunja. Kurasa zake zilikuwa zimepigwa mistari kwa rula: mwezi, tarehe, kiasi, njia pesa ilivyofika, pungufu. Mimi mkononi nilikuwa na simu tu, na kifuani maneno ya kutosha kusema mpaka jioni.

Mdaiwa nilikuwa mimi. Nalisema mapema kwa sababu habari za matunzo ya watoto mara nyingi husimuliwa na anayedai, na sisi tunaodaiwa hunyamaza au hujitetea. Mimi nimeshajitetea vya kutosha, mbele ya hakimu na mbele ya ndugu, tena zaidi usiku nikiwa peke yangu. Hapa naeleza ilivyokuwa.

Tulipoachana, watoto walikuwa wawili: wa kike miaka 9, wa kiume miaka 5. Mahakama iliamuru wakae na mama yao, mimi nitoe matunzo kila mwezi kabla ya tarehe 5, na ada ya shule tuigawane nusu kwa nusu. Miaka miwili nililipa bila kukumbushwa. Kisha mkataba wangu wa kazi ukaisha na haukuongezwa. Mwezi wa kwanza nilituma nusu. Wa pili sikutuma kitu. Wa tatu nilinunua viatu na mabegi, nikavipeleka mwenyewe, nikarudi nimetulia kabisa, najiona baba.

Baada ya miezi 9 nilipata kazi nyingine yenye mshahara mdogo kuliko wa zamani. Hapo ndipo kosa langu kubwa lilipo. Mtu asiye na kazi hueleweka. Mimi nilishaipata na bado nikaendelea kukaa kimya. Deni lilikuwa limekua, na nilikuwa naogopa hata kulipigia hesabu. Nikawa natuma kidogo mwezi huu, mwezi unaofuata situmi, nikijiambia kwamba nikikaa sawa nitalipa yote kwa mpigo. Sikukaa sawa. Sijui nani hukaa sawa.

Katikati ya hayo tukagombana kuhusu kuwaona watoto. Jumamosi moja nilifika, nikaambiwa wameondoka. Jumamosi iliyofuata, vilevile. Nikasema basi, kama siwaoni, silipi. Niliitamka kauli hiyo kwa sauti, mbele ya watu, na wapo walioniunga mkono. Niliiona ni haki kabisa: mimi nimenyimwa, na yeye anyimwe. Ilinichukua muda kuelewa kwamba hesabu ile ilikuwa na watu wanne na mimi nilikuwa nimewahesabu wawili tu.

Jambo ninaloona aibu kuliko yote sikulisema mahakamani kwa sababu hakuna aliyeniuliza. Binti yetu alipofika miaka 12 tulimgeuza tarishi. "Baba, mama anauliza pesa." "Mwambie mama yako wiki ijayo." Wiki ijayo ilipofika nilikuwa sipokei simu, na aliyekuwa akipiga ni yeye, mtoto, kwa simu ya mama yake. Nilijua ni yeye. Niliiacha iite mpaka ikakatika.

Wito ulinifika kazini. Uliniita nifike mahakamani kueleza kwa nini nisichukuliwe hatua kwa kutotii amri. Niliisoma sentensi hiyohiyo mara kadhaa, nikachagua kuielewa vibaya: nikaona nimeitwa kueleza. Na mimi maelezo nilikuwa nayo! Nilipanga hotuba nzima. Ningeanza na mkataba ulivyoisha, nije kwenye zile Jumamosi mbili, nimalizie na viatu.

Mheshimiwa hakimu hakunipa nafasi ya hotuba. Alikuwa mama wa makamo, sauti ya chini, haraka hana. Aliniuliza maswali matatu. Amri hii unaifahamu? Ndiyo, Mheshimiwa. Imewahi kubadilishwa na mahakama yoyote? Hapana, Mheshimiwa. Una uthibitisho wa malipo uliyofanya tangu ulipoacha kulipa kikamilifu? Nikaanza, "Mheshimiwa, mimi mkataba wangu wa kazi..." Akainua kalamu kidogo. "Nimeuliza uthibitisho."

Sikuwa nao. Mama watoto akaulizwa, akasimama na daftari lake. Miezi 23 mfululizo. Kwa hesabu yake, ndani ya miezi hiyo nilikuwa nimelipa kiasi cha miezi 4. Malimbikizo: miezi 19.

Wazee walisema mali bila daftari huisha bila habari. Nilikuwa nikidhani methali hiyo ni ya wafanyabiashara. Pale mbele niligundua kwamba hata maneno ya mtu yakikosa daftari huisha vilevile. Sikuwa na namna ya kusema "si kweli" ikaeleweka, kwa sababu upande mmoja ulikuwa na tarehe na upande wa pili ulikuwa na hasira. Shauri likaahirishwa wiki tatu ili nilete vielelezo. Nikashuka ngazi nikiwa nimekasirika, na nadhani nilichokasirikia hasa ni ule mwandiko wake ulionyooka.

Wiki hizo tatu zilinifundisha zaidi ya miezi yote iliyotangulia. Nilikwenda kwenye ofisi moja ya msaada wa kisheria isiyotoza watu, nikapokelewa na mwanasheria kijana aliyekuwa akiniita "kaka" na ambaye hakunipendelea hata kidogo. Jambo la kwanza alilonitaka nifanye ni kuisoma amri. Si kuikumbuka, kuisoma. Nilikuwa na nakala yangu tangu siku ilipotolewa na sikuwahi kuifungua tena.

Kumbe amri ilitenganisha matunzo na ada. Kipindi nikiwa sina kazi nilikuwa nimejikamua nikalipa ada ya muhula mzima, na kichwani mwangu ile ada ilikuwa imefuta miezi kadhaa ya matunzo. Haikufuta kitu. Ilikuwa nusu yangu ya ada, niliyoamriwa kulipa hata hivyo. Na vile viatu? Mwanasheria akaniambia: amri inasema ulipe pesa, kila mwezi, kwa tarehe. Ukinunua kiatu umempa mtoto zawadi, na mtoto amefurahi, lakini mama yake hawezi kupeleka kiatu kwa mwenye nyumba akasema hii ni kodi. Nilibisha. Akaniuliza: mwajiri wako akikupa shati badala ya mshahara, utasema amekulipa?

Baadaye, daftari lilipopitishwa mkononi mwangu, niliona ukurasa wa mwisho. Juu ameandika "Zawadi kutoka kwa baba", chini yake viatu, mabegi, na hata keki ya siku ya kuzaliwa ambayo mimi mwenyewe nilishaisahau. Hakuficha kitu. Aliweka tu mahali pake.

Kazi ya pili ilikuwa kutafuta nyayo za pesa. Nilienda kuomba taarifa ya miamala, ya benki na ya simu, kwa miezi yote 23. Nikakaa nayo usiku na kalamu nyekundu, nikitafuta namba ya mama watoto. Nikaikuta mara chache kuliko nilivyoapa. Lakini nikakuta pia namba nyingine: ya dada yake. Mara nne nilikuwa nimetuma nusu ya matunzo kwa dada yake kwa sababu simu yake ilikuwa imeharibika. Nusu nne, miezi miwili. Halafu, nikipekua jumbe za zamani, nikakuta ule ambao ulinipa pumzi: "Sawa, mwezi huu usitume, maliza kwanza ada." Ameuandika yeye mwenyewe, tarehe ipo. Mwezi mmoja mwingine.

Siku ya kurudi nilivipeleka vyote vimechapishwa, vimepangwa kwa tarehe, nakala tatu: ya mahakama, yangu, ya kwake. Mama watoto alizisoma zile za dada yake kwa muda mrefu, akasema, "Hizi ni kweli, Mheshimiwa. Zilifika. Mimi sikuziandika." Hakuongeza neno. Miezi 19 ikawa 16.

Huenda mtu akaona miezi mitatu ni kitu kidogo kwa kazi yote ile. Kwangu kilichobadilika si hesabu peke yake. Ilikuwa mara ya kwanza baada ya muda mrefu mimi na yeye tumekubaliana juu ya jambo moja, na tulikubaliana kwa sababu lilikuwa limeandikwa. Kama ningelisema kwa mdomo, nina hakika tungelitukanana.

Sasa nije kwenye pigo lenyewe. Nilikuwa na hakika kwamba ile miezi 9 ya kukosa kazi itaondolewa. Nani anadai kwa mtu asiye na kipato? Mheshimiwa akanieleza kwa utulivu, kama mwalimu aliyekwisha kulirudia somo hilo mara nyingi, kwamba amri ya mahakama haiishi kwa kuwa hali ya mtu imebadilika. Inaendelea kama ilivyo hadi mahakama iibadilishe, na mahakama haiwezi kuibadilisha kama haijaombwa. Wiki ile mkataba wangu ulipoisha, njia ilikuwa wazi: naandika maombi ya kurekebisha amri, naambatanisha barua ya mwajiri, naomba kiwango kishushwe kwa muda. Huenda ningepewa, huenda nisingepewa. Lakini nilikaa nyumbani, na kila tarehe 5 iliyopita iliniachia deni kamili.

Mwanasheria wangu aliniambia nchi hutofautiana. Marekani, kwa mfano, tangu 1986 sheria ya shirikisho inazuia mahakama kufuta au kupunguza kwa kurudi nyuma matunzo ambayo tarehe yake ya kulipwa imeshapita. Punguzo linaweza kuanzia tu pale upande wa pili ulipojulishwa kuwa maombi yamewasilishwa. Kwingineko hakimu ana uhuru zaidi. Na mlango huo una upande wa pili pia: England, malimbikizo ya zaidi ya miezi 12 chini ya amri iliyotolewa kwenye shauri la talaka hayakaziwi, yaani mtu halazimishwi kuyalipa, bila ruhusa ya mahakama, kwa hiyo anayedai naye akilala anaweza kujikuta anaomba ruhusa ya kudai haki yake mwenyewe. Kwetu, Mheshimiwa alimuuliza mama watoto kwa nini alisubiri karibu miaka miwili. Akajibu kwamba alikuwa anamwogopea mtoto wetu, asije akasikia baba yake ameshtakiwa. Kila mmoja wetu alikuwa na sababu yake ya kutofika mapema pale, na za kwake zilikuwa bora kuliko zangu.

Nikaingiza maombi ya kurekebisha siku ileile. Kiwango kilishushwa kwa robo, kuanzia tarehe ya maombi kwenda mbele. Nyuma ya tarehe hiyo, hata senti haikuguswa.

Kuhusu zile Jumamosi mbili, nililileta jambo hilo nikitegemea litanisaidia. Mheshimiwa alilisikiliza, kisha akasema kuonana na watoto ni suala zito, nalo lina maombi yake, nikiyaleta atayasikiliza. Lakini haliwi jibu la kutolipa, kama ambavyo kutolipa hakuwi sababu ya kumzuia mtoto asimwone baba yake. Alitutazama wote wawili aliposema hivyo. Mama watoto aliinamisha kichwa, na mimi nikajikuta nafurahia kidogo, furaha ya kitoto, ikadumu mpaka nilipotoka nje.

Kabla ya kupunguziwa nilitakiwa kula kiapo kuhusu hali yangu ya kifedha: mshahara, madeni, matumizi, kila kitu, na taarifa ya benki ya miezi 12 pembeni. Nawaonya wanaokuja nyuma yangu. Taarifa ya benki inajua kusimulia. Kwenye hati yangu ya kiapo nilikuwa nimeorodhesha matumizi kwa unyonge mkubwa, mpaka mtu angenionea huruma. Kwenye taarifa ya benki kulikuwa na runinga. Kubwa. Nimeinunua kwa awamu, na awamu ya kwanza ilitoka mwezi ambao kwenye daftari la mama yao kumeandikwa sifuri. Hakuna aliyenipigia kelele. Mheshimiwa alizungushia kalamu pale, akaendelea kusoma. Ningependelea kelele.

Kuna watu walinipa ushauri wa kila aina wakati huo. Ndugu mmoja alinishauri nitafute kazi nchi ya nje na niondoke, mambo yaishie hapo. Nililiwaza hilo kuliko ninavyopenda kukiri. Mwanasheria alipolisikia alicheka. Umoja wa Mataifa ulikuwa na mkataba wa kudai matunzo nje ya mipaka tangu 1956, akasema, na mwaka 2007 ukaja mwingine wa The Hague ambao nchi nyingi zimejiunga nao, kwa hiyo kwenye nchi hizo amri inaweza kumfuata mtu mpaka kwa mwajiri wake wa ugenini. Kisha akaacha kucheka. Akaniuliza kama nimefikiria binti yangu atamwambia nini mdogo wake siku nitakayoondoka.

Mwingine aliniambia heri kufungwa, ukitoka umelipa. Huyo nilikuja kumjibu mwenyewe, kwa sababu siku moja kwenye korido nilikaa karibu na mzee mmoja aliyeletwa na askari. Alikuwa amekaa ndani wiki kadhaa kwa sababu ya matunzo. Nilimuuliza kama sasa amemaliza. "Nimemaliza kulala chini," akasema. "Deni liko palepale, na kazi nimepoteza." Kile kifungo ni cha kumshurutisha mtu anayeweza kulipa akakataa; hakihesabiwi kama malipo. Ndiyo maana hakimu mwenye busara hukifikia mwisho kabisa, maana baba aliyefungwa haleti chochote.

Tukapelekwa kwa msuluhishi wa mahakama. Chumba kidogo, meza ya duara, karatasi tupu. Mwanzo alitukalisha vyumba tofauti, akawa anakwenda kwake na kurudi kwangu. Mama watoto alitaka miezi 16 yote ilipwe ndani ya mwaka. Mimi nilisema miaka sita. Msuluhishi hakugawa katikati kama nilivyotegemea. Alichukua hati zangu za mshahara, akaandika matunzo ya kila mwezi kwanza, juu kabisa, akapiga mstari. "Hapa juu hapaguswi," akasema. "Deni tutalitafutia nafasi chini ya mstari." Nimekumbuka mstari ule kila mwezi tangu hapo. Wadaiwa wengi hukimbilia kupunguza deni la zamani ili waonekane wamejitahidi, huku mwezi mpya unapita bila kulipwa na kuwa deni jingine.

Halafu akauliza nina kitu gani ninachoweza kuuza. Kimya. Nikasema, nina runinga. Nikasikia mwenyewe nilivyosema, nikacheka, na msuluhishi akacheka, na nadhani alipokwenda kule chumba cha pili alilisimulia maana nilisikia kicheko kupitia ukutani. Sikuwa nimekisikia kicheko kile kwa miaka.

Niliuza runinga na vifaa vyangu kadhaa vya kazi ya zamani, nikaongeza akiba niliyokuwa nayo, nikalipa papo kwa papo sawa na miezi minne. Ikabaki 12. Tukakubaliana niilipe kwa miaka mitatu, kila mwezi theluthi moja ya kiwango cha zamani, juu ya matunzo mapya. Aliye makini ameshapiga hesabu: robo tatu na theluthi, jumla inazidi kile kiwango cha awali nilichosema siwezi kukilipa. Naam. Nimelipa zaidi, kwa mshahara mdogo zaidi, kwa miezi 36. Ilikuwa inawezekana tangu mwanzo. Nilikula vibaya, nilihamia chumba kimoja, lakini iliwezekana.

Makubaliano yale hayakuachwa yawe karatasi ya kuweka mfukoni. Yalirudishwa mbele ya Mheshimiwa, akatuuliza mmoja mmoja kama tumeyaelewa na kama kuna aliyelazimishwa, kisha yakawa amri ya mahakama. Hilo ni la muhimu kuliko linavyosikika. Awali tuliwahi kukubaliana mara nyingi, kwenye simu, mbele ya ndugu, na kila mara kila mmoja alitoka na makubaliano yake. Ndani ya amri mpya kulikuwa na kifungu nilichopigania kiondolewe na nikashindwa: nikikosa awamu mbili mfululizo, deni lote lililobaki linadaiwa mara moja. Kulikuwa pia na ratiba ya kuonana na watoto, Jumamosi mbili za kila mwezi na nusu ya likizo, pamoja na sharti moja aliloliomba mama yao, nami nikalikubali kabla hajamaliza sentensi: kuhusu pesa, tuwasiliane sisi wawili kwa ujumbe wa maandishi, na mtoto asitumwe tena.

Njia ya malipo ndiyo iliyonikosesha usingizi. Mahakama ilitaka mwajiri akate kwenye mshahara. Nikaona nimevuliwa nguo kazini. Nilimpelekea mhasibu ile barua ikiwa kwenye bahasha, nikafunga mlango, nikaanza kujieleza. Akaisoma, akaipiga muhuri, akasema, "Wewe ni wa nne hapa. Kuanzia mwezi huu?" Ikawa imekwisha. Sikutegemea kwamba nitapenda makato, lakini nilipenda. Pesa ilitoka kabla sijaiona, na pamoja nayo ukatoka ule mjadala wa kila tarehe 4 usiku, kama nitume au nisubiri, kama nitume yote au nusu. Na mama yao hakulazimika tena kuomba. Mtu anayelazimika kuomba kila mwezi kitu ambacho ni cha mtoto wake hawezi kukusalimia vizuri, hata awe na moyo gani.

Jambo jingine nililolipata kwa mwanasheria yule, na sijui kama yeye analikumbuka. Siku ya mwisho nilimshukuru kwa kunisaidia kwenye kesi yangu na mama watoto. Akanirekebisha: mwenye haki pale ni mtoto, mama ni mpokeaji tu. Alinionyesha Mkataba wa Haki za Mtoto wa 1989, ibara ya 27, unaozitaka nchi kuhakikisha matunzo yanapatikana kutoka kwa wazazi, walioko ndani ya nchi na nje. Na mkataba wa Afrika wa 1990 kuhusu haki na ustawi wa mtoto, ibara ya 18, unaosema mtoto asinyimwe matunzo kwa sababu ya hali ya ndoa ya wazazi wake. Nilikuwa nimesema "ananidai" kwa miaka miwili. Wenyewe wanaonidai walikuwa wanakuja Jumamosi na kunionyesha madaftari ya hesabu.

Miaka mitatu ile ilikwenda, na sina mengi ya kuisimulia, makato hayana visa. Mara moja mwajiri alichelewesha mishahara, nilimwandikia mama watoto siku hiyohiyo kabla ya tarehe 5, nikaambatanisha tangazo la ofisi, akajibu "Sawa, asante kwa kuniambia." Maneno manne, yenye kazi kubwa. Mwaka wa pili nilipanda cheo, na nikakaa wiki nzima nikijiuliza kama nimwambie. Nilimwambia. Hatukurudi mahakamani kubishana. Tulikwenda pamoja kusaini nyongeza, na kwenye benchi lilelile tulizungumza kuhusu meno ya kijana wetu.

Daftari lake bado lipo. Mimi nina la kwangu sasa, mistari yangu haijanyooka kama yake. Awamu ya 36 ilipoingia, karani aligonga muhuri kwenye hati ya kuthibitisha kwamba malimbikizo yamekwisha, na mama watoto akaniomba kalamu yangu apige mistari miwili chini ya jumla, maana ya kwake ilikuwa imekauka.

Mwezi ujao binti yetu anatimiza miaka 18. Kwa upande wake, amri ya mahakama inafika mwisho. Anabaki mdogo wake. Binti anataka kuendelea na masomo, na ana bidii, na masomo aliyoyachagua si ya mwaka mmoja. Juzi nilipompeleka nyumbani nilimkuta mama yake mlangoni, nikamwambia asihofu, kuhusu huyu nitaendelea kulipa mpaka amalize, amri iwepo au isiwepo.

Akanitazama kidogo, akaingia ndani, akarudi na daftari.

"Andika," akasema.